Vita ya Urithi wa Austria: Maria Theresia alishinda kesi ya mirathi, lakini Silesia ilienda

Hii vita ya 1740 mpaka 1748 wengi wanaikimbia wakiikuta kwenye historia ya Ulaya na siwalaumu, maana ukianza kusoma unakutana na Karl wawili, Friedrich, Franz, Maria Theresia, wosia wa mtu aliyekufa 1564, Wafaransa wanapigana Bohemia, Waingereza wako Ujerumani, Wahispania wako Italia, afu mwishoni kuna mji wa India unabadilishwa na ngome ya Kanada. Mtu anachoka mapema. Lakini inaeleweka, tena vizuri tu, ukianza kwa kutenganisha mali za ukoo wa Habsburg na cheo cha ukaisari, kwa sababu vilikuwa vitu viwili tofauti na kila kimoja kilikuwa na njia yake ya kupatikana.

Chukulia mzee ana mashamba na ng'ombe na hapohapo ni mwenyekiti wa kijiji. Akifa, mashamba na ng'ombe wanabaki kwa watoto wake, lakini uenyekiti hauendi kwa mtoto, kijiji kinapiga kura upya. Karl VI, mkuu wa ukoo wa Habsburg aliyekufa 1740, alikuwa hivyohivyo. Kwa upande wa mali za ukoo alikuwa na Austria yenyewe, ufalme wa Bohemia (Czechia ya leo, pamoja na jimbo la Silesia), ufalme wa Hungaria, Uholanzi ya Kusini ambayo leo ni Ubelgiji, na vipande vya Italia kama Milano na Parma. Kwa upande wa cheo alikuwa Kaisari wa Dola Takatifu la Kiroma, na hicho cheo kilitolewa kwa kura za wakuu 9 tu wa Ujerumani, wengine maaskofu wakuu, wengine watawala wa majimbo. Tangu 1438 Wahabsburg walikuwa wanashinda hiyo kura kila mara bila kukosa, karibu miaka 300, mpaka watu wakaanza kuona kama na ukaisari nao ni wa ukoo. Haukuwa wa ukoo. Na mwanamke hakuweza kuchaguliwa.

Sasa tatizo la Karl VI lilikuwa mtoto wa kiume. Alimpata mmoja, Leopold, alizaliwa Aprili 1716 na Novemba mwaka huohuo akafariki. Mwaka 1717 akazaliwa Maria Theresia na baada yake mabinti wengine. Karl alikuwa ameliona hili mapema, Aprili 1713 akiwa hana mtoto hata mmoja alishatangaza hati inayoitwa Sanksheni ya Pragmatiki, inayosema mambo mawili: kwanza mali za ukoo zisigawanywe kamwe, pili kama hakuna wa kiume basi binti atarithi, na mabinti wa Karl watatangulia mabinti wa marehemu kaka yake.

Hapo kwenye mabinti wa kaka ndo penye moto. Kaka yake Joseph I alikuwa kaisari kabla yake, akafa kwa ndui 1711 akaacha mabinti wawili, Maria Josepha na Maria Amalia. Na mwaka 1703, baba yao akiwa hai, ukoo ulikuwa umekubaliana kwamba wa kiume wakikosekana mabinti wa Joseph ndo watangulie. Yaani Karl aligeuza makubaliano aliyoyakubali mwenyewe. Wale mabinti walipoolewa, mmoja kwa mrithi wa utawala wa Saksonia 1719 na mwingine kwa mrithi wa utawala wa Bavaria 1722, yote majimbo ya Ujerumani, walilazimishwa kusaini kwamba wanaachia madai yao yote. Walisaini. Ila saini ya bi harusi kabla ya ndoa, wakati nyuma yake kuna mume mwenye jeshi, ina uzito kiasi gani? Kwa mtazamo wangu hapa Karl alikosea, si kwa kumpenda binti yake, alikosea kwa kudhani saini zinatosha.

Maana miaka yake zaidi ya 20 ya mwisho aliitumia kukusanya saini, na kila saini alilipia. Waingereza walitaka aifunge Kampuni ya Ostend iliyokuwa inafanya biashara na India na China vizuri kabisa, akaifunga. Wafaransa walitaka Lorraine, nchi ya Franz Stephan aliyekuwa anamchumbia Maria Theresia, na inasimuliwa kwamba mshauri wa Karl aitwaye Bartenstein alimweleza kijana wazi kuwa asiposaini kuiachia Lorraine binti hampati. Akasaini, akafunga ndoa Februari 1736, akapewa Toscana huko Italia badala yake. Kamanda mkubwa wa Austria, Prince Eugen, inasemekana alimwambia Karl kwamba dhamana ya kweli ni jeshi imara na hazina iliyojaa. Eugen akafa 1736, mwaka uliofuata Karl akaingia vita na Waturuki, mpaka 1739 ameshindwa na Belgrade imeondoka. Hazina tupu, jeshi limechoka, majenerali wanalaumiana. Ila kabati limejaa mikataba.

Oktoba 1740 Karl akarudi kutoka kuwinda akiwa mgonjwa, watu wakasema ni uyoga aliokula, na tarehe 20 akafariki. Maria Theresia ana miaka 23, ana mimba, na baba yake hakuwahi kumfundisha kazi ya utawala kwa sababu mpaka dakika za mwisho alikuwa anatumaini atapata mtoto wa kiume. Baadaye mwenyewe aliandika kwamba alijikuta hana pesa, hana wa kumkopesha, hana jeshi, hana uzoefu na hana mshauri wa kumwambia ukweli. Hayo maneno mimi kila nikiyasoma yananigusa, kwa sababu alikuwa anasema kweli tupu.

Wa kwanza kunyanyua mkono alikuwa Karl Albrecht wa Bavaria, mume wa Maria Amalia, na huyu angalau alikuwa anasema hadharani tangu mwanzo kwamba ile hati haitambui. Dai lake kuu halikupitia kwa mke wake, alienda nyuma mpaka kwa Ferdinand I, yule Mhabsburg aliyekufa 1564, na wosia wake wa miaka ya 1540, ambao kopi iliyokuwa Munich, mji mkuu wa Bavaria, ilisomeka kwamba uzao wa Anna, binti wa Ferdinand aliyeolewa Bavaria, utarithi pale warithi wa KIUME wa Habsburg watakapoisha. Na kweli walikuwa wameisha. Vienna, mji mkuu wa Maria Theresia, wakasema sawa, orijino tunayo sisi, wakamwita balozi wa Bavaria wakamfungulia, na orijino ilisema warithi HALALI, yaani waliozaliwa ndani ya ndoa. Inasimuliwa balozi aliisogeza ile karatasi kwenye mwanga akitafuta alama ya kufutwa, hakukuta kitu. Kisheria mambo yaliishia hapo, maana Maria Theresia alikuwa mrithi halali bila shaka yoyote. Bavaria haikurudi nyuma hata hivyo.

Wengine walikuwa na hesabu zao. Hispania ilitaka ardhi ya Italia kwa ajili ya Felipe, mtoto wa malkia Elisabeth Farnese. Saksonia ilitaka kipande chochote. Ufaransa ilikuwa imesaini kuitambua hati, lakini Kadinali Fleury, mzee wa miaka 87 aliyekuwa anaiongoza nchi, akasema saini yao haikukusudia kuondoa haki za mtu wa tatu kama Bavaria, na wakati yeye anasitasita kundi la Marshal Belle-Isle likamsukuma kwenye vita kwa sababu waliona hapa ndo pa kuimaliza Habsburg, adui yao wa miaka zaidi ya 200.

Lakini sasa angalia nani aliyepiga kwanza. Friedrich II wa Prussia, ufalme wa kaskazini mwa Ujerumani, miaka 28, amekaa kwenye kiti miezi michache tu tangu Mei 31, baba yake kamwachia jeshi la watu kama 80,000 lililopigishwa kwata mpaka likaiva, na akiba ya thala (sarafu ya fedha ya Kijerumani) milioni 8, katika nchi yenye watu milioni 2 na kidogo. Prussia ilikuwa imesaini kuitambua hati mwaka 1728. Na hiki ndo wengi hawakioni: Friedrich hakupinga kwamba Maria Theresia ni mrithi! Hakuwa kwenye kesi ya mirathi kabisa. Alisema nipe Silesia, mimi nitakulinda na wengine, nitampigia mumeo kura ya ukaisari, na pesa juu yake. Alikuwa na karatasi ya 1537 inayodai sehemu ndogo za Silesia, ambayo Vienna iliibatilisha 1546 na babu zake wenyewe waliwahi kuachia madai hayo kwa mkataba. Waziri wake alipomuuliza habari ya haki, akamjibu kwa maandishi Novemba 1740 kwamba suala la haki ni kazi ya mawaziri, alishughulikie kimyakimya, maana amri kwa majeshi zimeshatoka. Na baadaye kwenye historia aliyoandika mwenyewe akakiri kwamba tamaa ya kutaka jina lake lisikike ilikuwa sehemu ya sababu. Desemba 16, 1740 akavuka mpaka.

Kwa nini Silesia? Ilikuwa na watu zaidi ya milioni, viwanda vya nguo za kitani, mto Oder wa kupitishia biashara, na kodi nyingi kuliko jimbo lolote la ukubwa wake mikononi mwa Vienna. Friedrich akiipata Prussia inakuwa dola kubwa, na Austria ikiipoteza inapungua kwa kiasi hichohicho. Maria Theresia alikataa ofa yake bila kujadili, na naona alikuwa sahihi, maana hati nzima ya baba yake ilisema mali zisigawanywe, akigawa kwa wa kwanza angewajibu nini wengine.

Aprili 10, 1741 wakakutana Mollwitz, theluji imefunika uwanja wote. Wapanda farasi wa Austria wakawavamia wale wa Prussia upande wa kulia wakawasambaratisha kabisa, na mzee Schwerin, jenerali wa Prussia, akamsihi mfalme aondoke asije akakamatwa. Friedrich akaondoka mbio na farasi mpaka Oppeln, usiku, akagonga lango, kumbe ndani wapo Waaustria, wakamfyatulia risasi, akageuza. Wakati yeye yuko njiani gizani akidhani kapoteza kila kitu, kule uwanjani askari wake wa miguu walikuwa wamesimama kwenye mistari wanapakia na kufyatua, walikuwa na fimbo za chuma za kushindilia baruti ambazo hazikatiki kama za mti na zinafanya kazi haraka, na kila Waaustria walipokuja walikutana na ukuta wa risasi mpaka wakaacha. Mfalme aliambiwa baadaye na mjumbe kwamba ameshinda.

Habari za Mollwitz zikafika Paris, Munich, Madrid na Dresden, na wote wakaona Austria inapigika. Wafaransa na Wabavaria wakaichukua Linz Septemba. Vienna ikawa karibu kabisa, watu wameanza kuhamisha vitu vya thamani. Afu Karl Albrecht akageukia Bohemia, pamoja na Wasaksonia wakaiteka Prague Novemba 26, na wakuu wa Bohemia wakamwapia kama mfalme wao. Kutoingia Vienna ndo kosa lililomgharimu, kwa sababu lilimpa Maria Theresia muda, na muda ndo kitu pekee alichokuwa anakihitaji.

Alikuwa anautumia Hungaria. Juni 25, 1741 alitawazwa Pressburg, mji ambao leo ni Bratislava, na sheria ya Hungaria ilimtambua kama mfalme, si malkia. Sherehe ilitaka mfalme apande farasi mpaka juu ya kilima kilichojengwa kwa udongo kutoka kila wilaya ya nchi, achomoe upanga na kuuelekeza pande nne za dunia kuonyesha atailinda nchi na adui wa upande wowote. Alikuwa amejifungua Machi tu, na alijifunza kupanda farasi makusudi kwa ajili ya siku hiyo. Akapanda na farasi wake mbio, taji la Mtakatifu Stefano kichwani, akafanya kila kilichotakiwa.

Septemba 11 akarudi mbele ya bunge lao akahutubia kwa Kilatini, akasema ameachwa na wote, anakabidhi nafsi yake, watoto wake na taji kwa uaminifu wa Wahungaria, na wale wakuu wakajibu kwa sauti kwamba wanatoa uhai na damu yao. Ile picha maarufu ya yeye akiwa na mtoto mkononi mbele ya bunge ni ya wachoraji, mtoto Joseph aliletwa siku kadhaa baadaye. Na haikuwa machozi matupu, mkono mtupu haulambwi, walijadiliana kwa wiki nyingi, aliwahakikishia wakuu kwamba hawatalipa kodi na kwamba Hungaria itaendeshwa na Wahungaria. Askari waliokuja walikuwa pungufu ya walioahidiwa. Ila Ulaya iliona kwamba wale waasi wa jana, waliopigana na babu yake, leo wako nyuma yake, na hilo peke yake liliinua bei yake.

Ukaisari sasa. Januari 24, 1742 wakuu walikutana Frankfurt, kura ya Bohemia ikazuiwa isitumike, na Karl Albrecht akachaguliwa, akawa Karl VII, kaisari wa kwanza asiye Habsburg kwa miaka 300. Akavishwa taji Februari 12 na ndugu yake mwenyewe, askofu mkuu wa Cologne. Na siku hizohizo jeshi la Austria, pamoja na wale wapanda farasi wa Hungaria, linaingia Munich, mji wake! Kaisari akabaki Frankfurt bila nchi, anaumwa jongo, anaishi kwa pesa za Wafaransa. Huyu mtu alikuwa na cheo kikubwa kuliko vyote Ulaya na hakuwa na pa kulala pake mwenyewe. Ndo maana nasisitiza kutenganisha hivi vitu viwili, maana cheo bila mali za kukibeba hakikumsaidia kitu.

Friedrich yeye alikuwa anaingia na kutoka. Oktoba 1741 alikubaliana kwa siri na Austria kusimamisha vita, akavunja, akashinda tena Chotusitz Mei 1742, afu Juni akasaini amani ya Breslau na kuchukua karibu Silesia yote huku akiwaacha Wafaransa peke yao Prague. Belle-Isle ikabidi atoke Prague katikati ya Desemba na askari kama 14,000, na wengi waligandia njiani kwa baridi. Mei 1743 Maria Theresia akatawazwa Prague. Friedrich alipoona Maria Theresia amepata nguvu kupita kiasi akarudi vitani Agosti 1744.

Uingereza iliingia upande wa Austria, kwanza kwa pesa, afu na jeshi, na mfalme George II ambaye pia alikuwa mtawala wa Hannover aliongoza mwenyewe vita ya Dettingen Juni 1743, mfalme wa mwisho wa Uingereza kufanya hivyo. Lakini kwa Waingereza ugomvi wa kweli ulikuwa na Ufaransa na Hispania, na ulikuwa wa baharini na makoloni, na Hispania walishaanza nayo tangu 1739. Ulifika mpaka Bahari ya Hindi: La Bourdonnais, gavana wa Kifaransa wa kisiwa ambacho leo ni Mauritius, alitoka huko na meli zake, akapitia Madagaska kuzitengeneza baada ya dhoruba, akaiteka Madras kutoka kwa Waingereza Septemba 1746. Mwaka mmoja nyuma yake walowezi wa Kiingereza walikuwa wameiteka ngome ya Louisbourg kule Kanada.

Kesi ya urithi iliisha mapema kuliko vita. Januari 1745 Karl VII akafariki. Mwanawe Max Joseph alikuwa na miaka 17, alitazama nchi ilivyoharibiwa, na Aprili huko Füssen akaachia madai yote na kuahidi kura yake kwa Franz Stephan. Septemba 13 Franz akachaguliwa kaisari. Maria Theresia alikwenda Frankfurt kushuhudia mumewe akivishwa taji lakini mwenyewe alikataa kuvishwa. Miezi michache baadaye, Desemba 25, baada ya kushindwa Hohenfriedberg, Soor na Kesselsdorf ndani ya mwaka mmoja, akasaini amani huko Dresden: Friedrich anamtambua Franz kuwa kaisari, na yeye anamwachia Silesia. Hapo kila kilichobishaniwa kwa hoja za mirathi kilikuwa kimebaki kwake, Austria, Bohemia, Hungaria, mpaka ukaisari umerudi nyumbani, na kilichoondoka ni kile kilichochukuliwa na mtu ambaye hakudai kuwa mrithi.

Miaka mitatu iliyobaki ilikuwa ya Uholanzi ya Kusini na Italia. Maurice de Saxe, jenerali mkubwa wa Ufaransa ambaye mwili ulikuwa umemvimba maji mpaka akabebwa kwenye kigari cha fito, alishinda Fontenoy Mei 1745 na kuendelea mpaka karibu Ubelgiji yote ikawa ya Wafaransa. Halafu kwenye amani ya Aix-la-Chapelle, Oktoba 1748, Ufaransa ikairudisha yote, Madras ikabadilishwa na Louisbourg, Felipe wa Hispania akapewa Parma, na Silesia ikathibitishwa kuwa ya Prussia. Wafaransa wa kawaida walikasirika mpaka ikazuka lugha mtaani ya kumwambia mtu ni mjinga kama ile amani. Kwao ilionekana wamemwaga damu kwa ajili ya mfalme wa Prussia.

Maria Theresia hakuikubali moyoni. Mwaka huohuo alimpa mshauri wake Haugwitz kazi ya kupanga upya kodi, wakuu na kanisa nao wakaanza kulipa, ili aweze kuwa na jeshi la kudumu la watu 108,000, na kupitia mwanadiplomasia wake Kaunitz akageuza marafiki, Mei 1756 akafunga mkataba na Ufaransa ileile iliyotaka kummaliza 1741. Agosti Friedrich akawahi kwa kuivamia Saksonia na wakapigana miaka saba mingine. Februari 1763 wakasaini amani ya Hubertusburg, mpaka ukabaki palepale, na Austria ikaendelea na kile kipande cha kusini tu, Teschen na sehemu za Troppau na Jägerndorf, ambacho Friedrich hakukichukua tangu 1742.